The Great Indian Kitchen: mpishi wa Unguja aitazama filamu ya Kerala

Sauti ndiyo inayoibeba The Great Indian Kitchen. Haradali inapasuka ndani ya mafuta ya nazi, kisu kinagonga ubao, jiwe linasaga nazi na pilipili, bomba linamwaga maji juu ya masufuria, halafu ufagio, halafu kitambaa cha kupangusia sakafu, halafu kisu tena. Muziki wa kukwambia sasa huzunika, sasa furahi, karibu haumo. Mimi napika kwa riziki yangu hapa Unguja, shughuli za harusi na hitima, na kuna mahali nilifumba macho nikajua kwa masikio tu kazi imefika wapi. Tony Babu, aliyesanifu sauti hizo, alipewa tuzo ya serikali ya jimbo la Kerala, kusini mwa India. Katika tuzo hizohizo za mwaka 2020 filamu yenyewe ilitajwa kuwa bora ya mwaka, na Jeo Baby, aliyeiandika na kuiongoza, akachukua ya mswada bora. Zote tatu nazikubali kwa moyo mmoja.

Nitasimulia mpaka mwisho wake, kwa hiyo asiyetaka kujua aitazame kwanza.

Nimisha Sajayan ni binti aliyesoma, mcheza ngoma za jadi, anayeposwa kwa mpango wa wazee na mwalimu wa shule, nafasi iliyochezwa na Suraj Venjaramoodu. Waliotazama Thondimuthalum Driksakshiyum ya mwaka 2017 watawakumbuka wawili hawa kama mke na mume waliopendana na kuoana juu ya tofauti zao za tabaka. Hapa hakuna mahaba ya namna hiyo. Wazee wanakutana, chai na vitafunio vinaletwa, vijana wanaachiwa dakika chache wazungumze na hawana la kuambiana, harusi inafanyika. Wahusika hawana majina: ni mke, mume, baba mkwe, mama mkwe. Nyumba ni kubwa na ya zamani, ya Wahindu wa tabaka la juu, na kila mtu ndani yake ana adabu.

Adabu hiyo ndiyo iliyonikaba roho. Tulitazama pamoja na shangazi yangu, mtu aliyezoea tamthilia za Kihindi na za Kituruki, akawa anamsubiri mama mkwe aanze visa. "Mbona mwema hivi? Ubaya wake unaanza lini?" Hauanzi. Mama mkwe anaamka alfajiri, anapika, anafua, anampelekea mumewe mswaki uliokwisha pakwa dawa, anamwelekeza mkaza mwanawe kwa upole, kisha anaondoka kwenda kumhudumia binti yake mjamzito. Jiko lote linabaki kwa bibi harusi. Baba mkwe naye hapigi, hatukani, hapazi sauti. Anaomba tu. Wali upikwe kwa kuni, ndio wenye ladha. Chatini isagwe kwenye jiwe, mashine inaiharibu. Nguo zake zifuliwe kwa mkono, mashine inazichakaza. Kila ombi ukilitazama peke yake ni dogo, na anayelikataa ndiye atakayeonekana hana malezi.

Lakini mpishi anajua hesabu ya maombi hayo, na Jeo Baby anaijua pia. Wali wa kuni maana yake ni kuni za kuingizwa ndani, moto wa kupulizwa, moshi machoni, majivu ya kuzolewa, na sufuria lenye masizi linalosuguliwa baadaye kwa mchanga na mikono miwili. Mchele wa Kerala ule mnene, mwekundu, ambao mpunga wake huchemshwa kabla ya kukobolewa, hauivi upesi kama huu wetu wa kupikia pilau. Unataka maji mengi na moto wa kudumu, kisha kuchujwa. Weka juu yake jiwe la kusagia. Weka nguo za watu watatu. Ombi la mdomoni linachukua nusu dakika, na kazi yake inakula asubuhi nzima. Sijaona filamu nyingine iliyoheshimu hesabu hiyo kwa kuionyesha yote, siku baada ya siku, kamera ikiwa imetulia juu ya mikono ya mwanamke mpaka mtazamaji mwenyewe aanze kuchoka.

Na kuchoka ni lazima. Wapo walioniambia filamu inajirudia. Ndiyo, inajirudia, kwa sababu vyombo vya chakula cha mchana vinajirudia jioni. Aliyekereka kwa dakika 100 amuulize mama yake kuhusu miaka yake.

Vyakula vyenyewe mtu wa pwani atavitambua mara moja. Nazi iko katika kila kitu, kuanzia chatini mpaka mboga. Kerala wana kibao cha kukunia nazi chenye meno ya chuma ambacho ukikiweka jikoni kwetu hakuna atakayeuliza ni cha nini, ni mbuzi. Wana mikate ya mchele na tui inayokaribiana sana na chila zetu. Wana maganda ya mlonge yanayopikwa kwenye mchuzi, yale unayotafuna ukanyonya utamu wake ukatoa makapi. Pepo za msimu zilizoleta majahazi yao huku na kuwapeleka watu wetu huko hazikubeba bidhaa peke yake.

Hayo makapi ya mlonge ndiyo yanayoleta mojawapo ya sehemu bora kabisa. Baba na mwana wanakula, wanatema makapi mezani, pembeni ya sahani, wanainuka. Mke anakuja kuyakusanya kwa mkono, kisha analazimika kula palepale. Siku moja mume anamtoa kwenda kula hotelini, na huko anaweka makapi yake vizuri kwenye chombo, kiungwana. Mke anacheka kidogo na kumwambia: kumbe hotelini unajua adabu za mezani. Uso wa Suraj unavyobadilika pale ni kazi ya mwigizaji mkubwa. Alianza kwa kuchekesha watu, amefanya filamu nyingi za vichekesho, na hapa anatumia sura ileile ya mtu wa kawaida asiye na hatia kutuonyesha kiburi kinachoamka. Hajasema neno la kutisha, ila anataka aombwe radhi. Naye anaombwa.

Kuna bomba la sinki linalovuja. Mke anamwambia mume atafute fundi, mume anasema sawa, kesho anasahau. Ndoo inawekwa chini. Maji machafu yanajaa, yanamwagwa, yanajaa tena, na harufu yake inamfuata mke mpaka chumbani usiku, ambako anajinusa vidole. Mambo ya chumbani yanaonyeshwa kwa staha, lakini yanaonyeshwa, na jibu analopewa siku anapothubutu kusema nini kingempunguzia maumivu ni neno baya kuliko yote katika filamu. Msitazame sebuleni na wakwe na watoto.

Sasa niseme kuhusu Kerala yenyewe, maana bila Kerala filamu hii haieleweki vizuri. Nilifanya kazi jikoni hotelini Muscat, na wenzangu wengi walikuwa Wamalayali, yaani watu wa Kerala wenye lugha ya Kimalayalam; ndio walionizoesha filamu zao, tukitazama usiku baada ya zamu na maandishi ya Kiingereza chini ya kioo. Wanajivunia jimbo lao, na wana haki. Katika sensa ya mwaka 2011, waliojua kusoma na kuandika Kerala walikuwa kama asilimia 94, idadi ya juu kuliko jimbo lolote la India, na wanawake walikuwa 1,084 kwa kila wanaume 1,000. Mwaka 1957 walichagua kwa kura serikali ya kikomunisti. Katika baadhi ya jamii zao, Wanair hasa, nyumba na mali zilirithiwa kwa upande wa mama, mpaka familia za namna hiyo zilipokomeshwa kisheria miaka ya 1970. Sasa chukua hayo yote umsikilize baba mkwe akimweleza mkaza mwanawe kwa nini asiombe kazi ya ualimu wa ngoma. Mama mkwe wako, anasema, ana shahada ya pili. Alipotaka kufanya kazi baba yangu alimkataza, na matunda yake ni watoto wetu waliolelewa vizuri. Mwanamke akiwa nyumbani ni heri iliyo kubwa kuliko kazi ya waziri.

Shahada ya pili, na kazi yake kupeleka mswaki. Hilo ndilo Jeo Baby alilolijua kuhusu kwao na ambalo mgeni asingeliona katika takwimu zozote. Mwanamke wa Kerala ameandikishwa shule, amefaulu, amepewa cheti, kisha cheti kikawa sehemu ya mapambo ya posa. Wenzangu wa Muscat walikuwa wapishi hodari, watu wa kupika kwa mamia bila kutetereka, na waliniambia wenyewe kwamba wakirudi likizo hawaingii jikoni. Nilikuwa nikiwasikia bila kushangaa. Huku kwetu pia mwanamume atasimamia sufuria la biriani la shughuli mbele ya watu na kusifiwa, na nyumbani hajui chumvi inakaa wapi.

Nusu ya pili inaingia Sabarimala. Huko ni hekalu la Ayyappa, mungu wa Kihindu, mlimani, msituni, na kabla ya kwenda kuhiji mwanamume huweka nadhiri ya siku 41: anavaa nyeusi, anavaa shanga, hagusi nyama, halali na mkewe. Wanawake wa umri wa kupata hedhi, wa kati ya miaka 10 na 50, walikuwa wamezuiwa kupanda. Tarehe 28 Septemba 2018 Mahakama Kuu Kabisa ya India iliamua kwamba zuio hilo ni kinyume cha katiba. Kerala ililipuka. Wanaume kwa wanawake walimiminika barabarani kupinga hukumu, na tarehe 1 Januari 2019 wanawake wengine kwa mamilioni wakajipanga bega kwa bega kuunda ukuta wa watu wa kilomita kama 620, kutoka kaskazini mwa jimbo mpaka kusini.

Jeo Baby anayaleta yote haya ndani ya nyumba ile moja. Mume yuko katika nadhiri, mke yuko katika siku zake. Anatengwa chumbani, analala chini kwenye mkeka, haruhusiwi kugusa wala kuonekana jikoni, na shangazi mmoja wa mume anakuja kusimamia masharti. Mume anapoanguka na pikipiki mlangoni, mke anakimbia kumwinua, na anachopata ni karipio kwa sababu amemgusa. Jiko lililokuwa halimwachii dakika ya kupumzika sasa linamkataa. Hapo ndipo nilipoona akili ya mwandishi: mwanamke yuleyule, mikono ileile, jana chakula kililika kwa sababu ni ya kwake na leo kimekuwa najisi kwa sababu ni ya kwake, na katika siku zote mbili hakuna aliyemuuliza.

Sina haja ya kusema juu ya dini za watu. Sisi tuna sheria zetu za twahara, na najua tofauti kati ya sheria inayompunguzia mwanamke mzigo na mila inayomdhalilisha. Filamu inazungumzia hiyo ya pili, na inaizungumzia kutoka ndani, kwa watu wanaoijua. Ndiyo maana ilipata shida kutoka. Majukwaa makubwa ya filamu mtandaoni hayakuichukua mwanzoni. Ilionyeshwa tarehe 15 Januari 2021 kwenye jukwaa dogo la Kimalayalam liitwalo Neestream, ambalo lililemewa na wingi wa watu. Ikashikwa na midomo ya watu, na miezi michache baadaye Amazon Prime wakaichukua.

Kasoro zipo. Mume ni mwalimu wa masomo ya jamii na tunamwona darasani akiwafundisha wasichana maana ya familia. Nilielewa mara ya kwanza. Mwongozaji hakuwa na haja ya kunishika sikio. Mwishoni pia, mke akishaondoka, tunaona mke wa pili ameingia katika nyumba ileile na mambo yanaanza upya, nalo limesukumwa kwa nguvu kidogo. Kasoro kubwa zaidi kwangu ni nyingine. Kuna mama anayekuja kusaidia kazi za nyumbani wakati mke ametengwa, mwanamke maskini wa tabaka la chini, anayefanya kazi huku akiimba. Yeye hawezi kumwambia mwajiri kwamba yuko katika siku zake, kwa sababu akikaa nyumbani hakuna ujira. Mwandishi wa wimbo unaosikika mule ni Mrudula Devi, mshairi wa Kidalit, yaani wa jamii iliyowekwa chini kabisa ya matabaka, na ni wimbo mzuri ajabu. Nilitaka kumfuata mama yule mpaka kwake, nione jiko lake. Filamu inamwacha baada ya dakika chache na kurudi kwa watu wenye nyumba kubwa. Sinema ya Kerala ina deni la zamani hapo. Mwigizaji wake wa kwanza wa kike, P.K. Rosy, alikuwa Mdalit aliyecheza nafasi ya mwanamke wa tabaka la juu katika filamu bubu ya J.C. Daniel, na watu wa tabaka hilo walimshambulia mpaka akaikimbia sehemu ile. Karibu karne moja baadaye bado mwanamke wa namna yake anapewa wimbo mmoja.

Hata hivyo, lile tukio la mke kuondoka ni la haki yake. Maji ya sinki, yale yaliyovuja tangu mwanzo, anawatilia mume na baba mkwe kwenye vikombe vya chai, na wanapokuja juu anawamwagia ndoo nzima. Shangazi yangu alisimama. Kisha mke anatembea kwa miguu, anapita mbele ya wanawake walioketi barabarani kupinga hukumu ya Sabarimala, na hawaangalii. Anafika kwa mama yake. Kaka yake mdogo anaingia, anamwagiza dada mwingine amletee maji ya kunywa, na mke anamgeukia kijana huyo kwa ukali ambao hakuwahi kuutoa kwa mumewe. Hiyo ndiyo sehemu ninayoikumbuka kuliko ile ya maji machafu, kwa sababu kijana yule hajafanya kosa lolote ambalo kaka zetu hawalifanyi kila siku.

Mwaka 2023 Watamil waliitengeneza upya, na baadaye ikatoka ya Kihindi, Mrs., iliyoongozwa na Arati Kadav na kuchezwa na Sanya Malhotra. Nimeitazama hiyo ya Kihindi. Ni filamu nzuri na Malhotra ameifanyia kazi, lakini imehamia kaskazini, Sabarimala imetoka, na mume sasa ni daktari wa wanawake. Kilichobaki ni hadithi ya ndoa mbaya, na ndoa mbaya ziko kila mahali. Ya Kimalayalam inakataa kuwa ya kila mahali. Inajua saa ya kuchuja wali wa nyumba ile, na mimi niliye ng'ambo ya bahari nikaiamini kwa sababu hiyo.

Atakayependa kuendelea na sinema ya huko aende Kumbalangi Nights ya mwaka 2019, iliyoongozwa na Madhu C. Narayanan, katika kijiji cha wavuvi karibu na Kochi. Ndugu wa kiume wanaishi katika nyumba isiyo na mwanamke wala mpangilio, na ng'ambo yao yuko Shammi wa Fahadh Faasil, shemeji nadhifu, mpole, anayetisha kuliko wote; baba mkwe wetu angempenda. Halafu arudi nyuma mpaka Chemmeen ya Ramu Kariat, mwaka 1965, ambapo wavuvi wanaamini kwamba usalama wa mume baharini unategemea uaminifu wa mke aliyebaki ufukweni. Zaidi ya nusu karne iko kati ya Chemmeen na The Great Indian Kitchen, na mzigo uliowekwa juu ya mke umetoka baharini ukaingia jikoni.

Nyota nne na nusu kati ya tano. Ile nusu iliyopungua ni ya mama aliyeimba. Tafuteni yenye sauti ya Kimalayalam na maandishi chini, muiache iliyotiwa maneno ya lugha nyingine. Mpwa wangu anaoa Mfungo Tatu, na nimeshampa aitazame pamoja na mchumba wake kabla mahari hayajapelekwa.